Shingo ya Mchinjaji

Manka mwanangu,

Habari za sweta, dawa za malaria na mahali pa kuficha pasipoti umeshapewa na mama yako, tena umepewa mpaka ukachoka. Sina la kuongeza huko. Ninaandika kwa sababu leo jioni, ulipokuwa unasugua masufuria kwa majivu nyuma ya jiko, uliniuliza swali nami nikajifanya nasikiliza redio. Ulisema, "Baba, na wewe unataka nikasome ili niwanyamazishe?"

Redio ile imeisha betri zamani. Ulijua, na nilijua kwamba unajua.

Mimi niliyegombana na wahariri, mapadri, mashehe, viongozi wa ushirika wa kahawa, na hata mganga wa meno akiwa na koleo kinywani mwangu, nilikosa neno la kumpa binti yangu. Basi hili ndilo jibu. Litakuwa refu, na usitegemee upole, kwa sababu tangu mchana nimejaa kinyaa na sioni faida ya kukuficha. Kesho asubuhi baba yako mkubwa Deo atakuja kuchukua jibu lake kabla hujapanda basi. Nataka uwe umesikia langu kwanza.

Tangu barua ya chuo ifike sijapumzika. Nilidhani watu wangeuliza kwa nini msichana wa Uru, aliyebatizwa na kupata kipaimara, anakwenda Ulaya kusoma habari za mwanzo wa Uislamu. Swali hilo ningelijibu kwa furaha. Ningewaambia kwamba ulipokuwa ukienda likizo kwa shangazi yako Felista kule Bomang'ombe, mume wake alikufundisha herufi za Kiarabu umekaa juu ya gunia la misumari dukani kwake. Ningewaambia kwamba ulirudi hapa ukaniuliza Kurani iliandikwa kwanza juu ya nini, na nani, na tumejuaje, na mimi mwenye rafu mbili za vitabu sikuwa na jibu. Hakuna aliyeuliza. Kila mtu alishajua unakwenda kufanya nini. Unakwenda kuleta risasi.

Wenzetu wa jumuiya waliniambia bila aibu, mara tu baada ya sala: "Mwalimu, huyo akirudi, hapa mjini hakuna mhadhara wao utakaosimama." Walikuwa na furaha ya watu waliosikia bunduki mpya imefika. Kwa upande wa pili, kijana mmoja mwenye meza ya kanda za mahubiri karibu na stendi alinisimamisha kunionya kwamba wazungu watakulisha sumu ili uje kumtukana Mtume. Nilimwuliza amesoma nini juu ya jambo hilo. Akanyanyua kanda. Kanda, Manka. Nikamwambia kanda haisomwi, akaniambia mzee umepitwa na wakati, tukaachana vibaya.

Biashara hiyo unaijua, maana baba yako aliifanya. Milango ya nchi ilipofunguliwa ikaja mitumba, yakaja magazeti ya kila rangi, vikaja vipaza sauti na mashine za fotokopi, na sisi watu wa Moshi tukaona kwamba uhuru mtamu kuliko wote ni wa kuitukana dini ya jirani uwanjani mchana kweupe. Wahubiri wao walikuja na Biblia zenye njiti za kiberiti katikati ya kurasa. Nasi tukaenda na Kurani zenye njiti za kiberiti. Hakuna upande uliosoma kitabu cha mwenzake tangu mwanzo hadi mwisho. Tulisoma penye njiti. Mimi nilikuwa hodari sana, na kanda zangu nasikia bado zinauzwa kwenye meza zilezile.

Ngoja nikuonyeshe uchafu wenyewe ulipo, kwa sababu utakutana nao huko, wenyewe umevaa tai. Wahubiri wa Kiislamu waliwapenda mno wataalamu wa Ulaya waliozichambua Injili. Walitwambia zimeandikwa miongo mingi baada ya matukio, wanakili wamezigusa, majina ya waandishi hayana uhakika. Yote hayo waliyasema kwa sauti ya watu wa maabara. Nasi tuliwapenda mno wataalamu wa Ulaya waliouchambua Uislamu. Tuliwaambia kwamba vitabu vya maisha ya Mtume vilivyotufikia viliandikwa zaidi ya miaka mia baada yake, kwamba habari zilipita midomo mingi kabla ya kutua kwenye karatasi, kwamba watawala walikuwa na sababu za kuzipinda. Tuliyasema kwa sauti ileile ya maabara. Wataalamu hao ni wa shule moja, maswali yao ni mamoja, pengine wanakula chakula cha mchana meza moja. Kila upande ulikishika kisu hicho mpini na kumwelekezea mwenzake makali, na hakuna aliyewahi kukitumia kukata hata ukucha wake mwenyewe.

Siku moja nilisoma hadharani ukurasa wa fotokopi niliopewa na rafiki. Ulitoka kwenye kitabu cha profesa mkubwa, na ulisema kwamba habari zote za karne ya kwanza ya Uislamu zilitungwa baadaye na hakuna hata moja ya kuaminika. Aliyekuwa upande wa pili alikuwa mwalimu kijana wa shule ya msingi. Alitaka kuona kitabu chenyewe. Nikamwambia kitabu ni cha watu wanaojua kusoma. Watu walipiga vigelegele, na mimi nikashuka jukwaani kama bwana harusi. Baadaye sana kitabu kiliniangukia mikononi, katika mitumba ya vitabu pale sokoni. Ukurasa wangu ulikuwemo. Profesa alikuwa anaeleza hoja ya watu wengine, na katika ukurasa unaofuata, ambao hakuna aliyeutoa fotokopi, alikuwa anaibomoa tofali kwa tofali.

Niliandika masahihisho gazetini. Mhariri, mtu aliyekuwa akinipigia simu ya shule kila wiki kuomba makala, aliyarudisha. Alisema hayana moto. Mwalimu yule alihamishwa wilaya na sijawahi kumwona tena. Tangu hapo umati ukinipigia makofi, jambo la kwanza ninalofanya ni kujiuliza ukurasa unaofuata umesema nini.

Sasa leo. Ulichokiona leo umekiona nusu, kwa sababu nusu nyingine ilitokea kabla hujazaliwa.

Babu yako alikuwa Mkatoliki wa kupiga magoti mpaka suruali inatoboka. Lakini kila sherehe hapa kihambani, shambani kwetu kwenye migomba, Krismasi, Pasaka, ubatizo wa watoto wake wote, mbuzi alichinjwa na Mzee Athumani, fundi cherehani Mwislamu aliyekaa chini kidogo ya mfereji wa maji. Hakikuitishwa kikao kuamua hilo. Babu yako alitaka wageni wake wote wale, akaona apewe kisu yule ambaye akichinja hakuna atakayekaa na sahani tupu. Mzee Athumani alilitaja jina la Mungu, akakata. Mimi nilikinga damu kwa ajili ya kisusio, supu yetu ya damu, ambayo yeye hakuigusa na wala hakutukunjia uso tulipoinywa. Na aliyeshika miguu ya mbuzi, kwa sababu alikuwa na nguvu kutushinda wote, alikuwa kaka yangu Deo.

Kwetu kila kiungo kina mwenyewe. Kidari cha mkubwa wa ukoo, mguu wa wajomba, na katika ukoo wetu shingo ni ya mchinjaji. Mzee Athumani alipofariki kisu kilishikwa na mwanawe, ambaye wakati huo alishamwoa dada yangu Felista, na ambaye sote tunamwita Baba Zuhura. Walihamia Bomang'ombe, akafungua duka la vifaa vya ujenzi, lakini kila tulipokuwa na mbuzi alipanda huku na kisu chake kimefungwa kwenye gazeti. Akachinja, akapewa shingo, tukala. Hayo yameendelea mpaka mwaka jana kwenye ubatizo wa mtoto wa jirani, nawe ulikuwepo.

Leo, kwenye sherehe ya kukuaga, alifika na kisu chake kwenye gazeti akakuta mbuzi ameshaning'inizwa kwenye mparachichi, ngozi imeshatoka. Deo alikuwa amechinja mwenyewe, mimi nikiwa nimeteremka mjini kufuata soda. Niliporudi nilimkuta shemeji yangu amekaa kwenye benchi, gazeti limelala mapajani, anazungumza na mama yako habari za mvua. Shangazi yako alikuwa anamenya ndizi kwa kasi isiyo ya kawaida na hakuinua uso kunisalimia. Nikamvuta Deo pembeni, nikamwuliza kulikoni. Akasema nisimharibie siku ya mtoto.

Na usidhani upande wa pili ni safi. Baba Zuhura aliniambia mwenyewe, akicheka bila furaha, kwamba kuna mhubiri mgeni msikitini kwao amepiga marufuku Mwislamu kwenda kuchinja kwenye sherehe za Wakristo. Alionywa kwa jina. Akasema alimjibu kwamba anakwenda kumuaga mtoto wake. Wanaume wawili, mmoja Bomang'ombe na mmoja hapa Uru, hawajawahi kuonana, na wamekubaliana kabisa kwamba sisi tusile pamoja. Hebu niambie kama hilo halitoshi kumtapisha mtu.

Lakini mtu ana haki ya kuchinja mbuzi wake, na kama ingeishia hapo ningenung'unika tu nikaenda kulala. Haikuishia hapo. Deo alisimama na kata ya mbege, pombe yetu ya ndizi, mkononi, mwanawe Prosper kando yake na suti ya Dar es Salaam, akasema maneno ambayo uliyasikia. Nayarudia ili usije ukadhani uliota.

"Hapa kwetu kila mtu amechinja chake tangu enzi za baba. Marehemu hakuwahi kuruhusu kisu cha Mwislamu kiguse mbuzi wa ukoo huu. Hatuleti jambo jipya. Tunarudi kwetu."

Wazee waliitikia kwa vichwa. Wazee waliokula nyama ya Mzee Athumani mpaka mafuta yakawatiririka viwikoni! Prosper aliitikia kuliko wote, na yeye alizaliwa mjini, hajui chochote, kesho atawasimulia wanawe kwa kiapo. Mimi nilimtazama Deo usoni nikitafuta alama ya mtu anayesema uongo. Namjua akidanganya, hujikuna sikio tangu utotoni. Hakujikuna. Aliyaamini yale maneno. Alisimama mahali palepale alipokuwa akishika miguu ya mbuzi na kumbukumbu yake yote ilikuwa imeshafuliwa ikaanikwa.

Ndipo akakuita usimame. "Manka, sema mbele ya ukoo. Ukirudi utawanyamazisha hawa watu, au hutawanyamazisha?"

Hawa watu. Shangazi yako yuko pale na kisu cha ndizi mkononi.

Ukamwambia, "Baba mkubwa, naomba nikasome kwanza."

"Kusoma ili iweje? Kesho asubuhi nitakuja na mbege ya baraka. Uwe na jibu. Mtu asiyejua anakwenda kufanya nini, ukoo utambariki wa nini?"

Ukaketi. Najua uliniangalia. Mimi mtu wa maneno mengi nilikuwa nahesabu hoja zangu kama kawaida, natafuta ile ambayo ingemwangusha Deo mbele ya watu, na kila niliyoipata ilikuwa nzuri, na kila moja ingeigeuza siku yako kuwa mhadhara. Nikazimeza.

Basi nyama ikagawanywa. Deo ndiye mgawaji wetu tangu babu yako alipofariki, na ni fundi, mkono wake unakwenda wenyewe wakati mdomo unapiga soga. Alikuwa anakata, anaweka kwenye majani ya mgomba, anaita majina bila kuinua macho. "Kidari changu. Mguu wa wajomba. Shingo ya Baba Zuhura."

Alikuwa ameshaisukuma mbele. Ndipo akainua macho kwa mara ya kwanza.

Baba Zuhura akainuka, akaipokea kwa mikono miwili kama inavyotakiwa. "Ahsante, shemeji. Lakini nisaidie kidogo. Shingo ni ya mchinjaji. Kwa hiyo leo nimechinja mimi, au?"

Mama mmoja kule nyuma aliangua kicheko akajiziba kwa khanga. Deo akasema, "Chukua tu. Ni mazoea."

"Mazoea," Baba Zuhura akasema. "Sawa."

Hakuweza kuila, na hakuweza kuikataa, maana kwetu kuikataa sehemu yako ni kuukataa ukoo. Akakuletea wewe. Sikusikia alichokwambia, ila niliona umeipokea kwa heshima, na jioni hii nimeikuta jikoni imefungwa vizuri kwenye jani, imening'inizwa juu ya moshi. Hujaila. Umefanya vizuri. Ile si chakula. Ile ni somo lako la kwanza, na huko Ulaya sidhani kama watakupa lililo bora kuliko hilo.

Fikiri. Miaka mia ijayo mtaalamu anakuja hapa Uru. Sisi sote tumekufa. Anachokipata ni habari kutoka kwa mjukuu wa Prosper, aliyesikia kwa Prosper, aliyesikia kwa Deo, na Deo ni mtu mwaminifu, mzee wa parokia, shahidi wa macho, aliyeshika miguu ya mbuzi. Mlolongo wa wasimulizi safi kabisa. Na habari yenyewe ni ya uongo kutoka mwanzo hadi mwisho. Mtaalamu mvivu ataiandika kama ilivyo: Wakatoliki wa mlimani hawakula kamwe nyama iliyochinjwa na Waislamu.

Anakuja wa pili, mjanja. Anagundua kwamba habari hiyo imezaliwa wakati wa ugomvi na inautumikia ugomvi. Anafurahi sana. Anaitupa, na pamoja nayo anatupa kila kitu ambacho Deo aliwahi kusema: hapakuwa na mbuzi, hapakuwa na babu, pengine hapakuwa na Uru. Anaandika kitabu kinene kusema kwamba hakuna kinachoweza kujulikana, na anapandishwa cheo. Utawakuta wa namna hiyo, nami nimewasoma. Wananitia kinyaa kuliko Deo. Deo anaamini kwa sababu anaogopa. Hawa hawaamini kwa sababu wamechoka kutafuta, na uchovu wao wanauita akili.

Ninakuombea uwe wa tatu, yule atakayeuliza: kama katika ukoo huu kila mtu alichinja chake, kwa nini shingo ya mchinjaji inakwenda kwa Mwislamu wa Bomang'ombe? Mdomo wa Deo ulikuwa umefundishwa upya, na kanda za mahubiri alizoletewa na Prosper zilifanya kazi hiyo vizuri. Mkono wake hakuna aliyekumbuka kuufundisha.

Katika hizo karne unazokwenda kuzisoma, tafuta mkono. Utaletewa maneno mengi, na mengine mazuri sana, yaliyoandikwa na watu waliokwisha kujua ugomvi ulimalizika vipi. Yasome yote, kwa adabu. Halafu tazama vitu ambavyo hakuna aliyehangaika kuvirekebisha: sarafu iliyopita mikononi mwa watu, risiti ya kondoo kwenye karatasi ya mafunjo, msafiri aliyekwaruza jina lake kwenye jiwe na kumwomba Mungu msamaha asijue kama kuna atakayesoma, mtawa wa Kikristo aliyeandika kwa woga juu ya majirani wapya asiojua awaiteje. Nimesoma kwamba baadhi ya wataalamu wanaona waumini wale wa mwanzo walikuwa bado hawajajitenga kabisa na Wayahudi na Wakristo, na kwamba mpaka ulichorwa baadaye. Wengine wanapinga kwa nguvu, wanasema mpaka ulikuwepo tangu siku ya kwanza na watu waliujua. Mimi sijui nani yuko sahihi. Zamani ningechagua yule anayewaudhi Waislamu zaidi. Leo ninachojua ni kwamba nimeuona mpaka ukichorwa kihambani kwangu, mchana, watu wakiwa na kata mikononi, na aliyeuchora aliapa kwamba ameukuta.

Kuna jambo moja litakalokukasirisha huko, na nakuruhusu ukasirike. Utamkuta mtu anayewazungumzia wanazuoni wa Kiislamu wa kale kama watoto waliomeza kila walichoambiwa. Mwambie asome. Wale walisafiri miezi kumwuliza mtu mmoja: uliyasikia kwa nani, ulikuwa na umri gani, huyo aliyekwambia alikuwa na kumbukumbu nzuri, alikuwa na upande? Waliandika vitabu vizima vya majina ya waongo na wasahaulifu. Walimjua Deo kabla hakijajengwa chuo kinachokupokea. Kama walikosea, walikosea wakitafuta. Meza za kanda hapa stendi, zao na zetu, hazitafuti kitu.

Nimemsema sana kaka yangu. Nisipokwambia hili utaondoka na nusu nyingine. Deo ndiye aliyenibeba mgongoni mpaka hospitali nilipougua uti wa mgongo, na mvua ilikuwa ya kunyesha vibaya. Alikuwa na kahawa ya kujivunia. Kahawa ilipokosa thamani na ushirika ukafa, aling'oa mibuni ya babu yako kwa mikono yake akapanda nyanya, na tangu siku hiyo anatafuta nani kamfanyia hivi. Prosper akamletea kanda, na kanda ikamtajia jina. Kinyaa changu kingekuwa chepesi kama angekuwa mtu mbaya.

Sasa swali lako. Hapana, Manka. Sitaki ukasome ili umnyamazishe mtu. Kama ukigundua huko jambo litakalowaumiza Waislamu, liseme, na uwe na ushahidi. Ukigundua litakaloniumiza mimi na rozari ya mama yako, liseme vilevile, na usinipunguzie. Lakini ukirudi hapa nikusikie umesimama uwanjani unasoma ukurasa mmoja, nitakuja na kitabu chote, nitakuzomea mimi mwenyewe mbele ya watu. Unajua naweza.

Na Deo hutamjibu. Umeniona miaka yote nikijibu watu, na hakuna hata mmoja aliyewahi kugeuka kwa jibu langu. Fanya ninavyokwambia mara hii moja, halafu uende ukawe mbishi kwa maprofesa.

Baba Zuhura na shangazi yako hawajaondoka, wamelala chumba cha mbele. Nilikwenda kumwomba kitu kimoja. Aliniuliza kama ukoo huu bado una haja na kisu chake. Nikamwambia ukoo sijui, mimi ninayo. Akasema, "Mwalimu, leo umeongea maneno machache, unaumwa?" Nikamwambia naumwa sana.

Kwa hiyo kesho kukipambazuka atachinja jogoo wetu, yule mwekundu anayekukera kwa kuwika dirishani kwako. Mama yako ameshamenya ndizi za mtori. Deo atafika na mbege yake, atakuta tumekaa, wote, tunakula. Utamwamkia kama siku zote, utamvutia kigoda, utamwekea sahani, utasema, "Baba mkubwa, karibu." Usiongeze neno. Akila, hakuna atakayemwuliza kitu, hata mimi, na hiyo ni ahadi ngumu kuliko zote nilizowahi kutoa. Asipokula, utaondoka bila mbege yake. Itaniuma, na wewe itakuuma zaidi mbele ya safari. Baraka yangu unayo na ndiyo hii uliyoishika.

Shingo ya jogoo haina nyama, lakini itakwenda kwa mwenyewe, naye ataila mezani kwangu. Miguu nitamshikia mimi. Wewe simama karibu utazame vizuri, kwa sababu iko siku mtu mwaminifu kabisa atasema haikutokea.

Baba yako